Albamu za Studio za The Clash

The Clash lilikuwa kundi la panki lililoundwa London, Uingereza, mwaka 1976. Joe Strummer na Mick Jones waliimba na kupiga gitaa, Paul Simonon alishika besi, na kuanzia 1977 Topper Headon akakalia drams. Kundi lilitoa albamu sita za studio, na muziki wa Jamaika ndio uliowatofautisha mapema na mapanki wenzao.

Dalili ilionekana tangu albamu ya kwanza, The Clash (1977), ambayo drams zake zilipigwa na Terry Chimes. Katikati ya nyimbo fupi za hasira za vijana wasio na ajira, waliingiza "Police and Thieves", rege ya Junior Murvin, wakaipiga kwa takriban dakika sita. Give 'Em Enough Rope (1978), iliyotayarishwa na Mmarekani Sandy Pearlman, ilishika nafasi ya pili Uingereza, ingawa sauti yake iliyong'arishwa iliwapunguzia makali.

Kilele ni London Calling (Desemba 1979): santuri mbili zilizouzwa kwa bei ya moja, kwa kuwa kundi lilisisitiza mashabiki wasikamuliwe. Ilirekodiwa katika studio za Wessex, ambako mtayarishaji Guy Stevens alirusha viti huku na huko ili kuwapandisha wanamuziki mori. Ina rege, ska, rokabili na hata jazi, na bado vyote vinasikika kuwa vyao. Picha ya jalada, iliyopigwa na Pennie Smith jijini New York, inamwonyesha Simonon akiipigiza besi yake sakafuni. Herufi za waridi na kijani zimeigwa kutoka albamu ya kwanza ya Elvis Presley. Wimbo wa mwisho, "Train in Vain", haukuorodheshwa kwenye jalada kwa sababu uliongezwa dakika za mwisho.

Sandinista! (1980) ina santuri tatu na nyimbo 36. Ili iuzwe kwa bei nafuu, wanamuziki walikubali kupunguziwa mrabaha. Ni ndefu kupita kiasi, lakini ni ya kijasiri: dabu ya Mjamaika Mikey Dread inakutana humo na rap ya New York na hata injili.

Combat Rock (1982), iliyofupishwa na mtayarishaji Glyn Johns, ndiyo iliyouzwa zaidi. Muziki wa "Rock the Casbah" ni wa Headon, aliyepiga mwenyewe drams, piano na besi. Mwaka huohuo alifukuzwa kwa sababu ya heroini, na mwaka 1983 Jones naye akaondolewa.

Cut the Crap (1985) ilitawaliwa na meneja Bernie Rhodes na mashine za drams. Ni albamu dhaifu, na kundi lilivunjika baada yake. Mkusanyo wa Sound System, uliotolewa mwaka 2013, una albamu tano za mwanzo tu. Hiyo ya sita haikujumuishwa.