Selous: kapteni aliyeanguka Beho Beho na jina lililobaki porini

Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia ilipozuka Agosti 1914, Frederick Courteney Selous alikuwa amebakiza miezi michache tu atimize miaka 63. Aliomba kwenda vitani, wakubwa wa jeshi mjini London wakamkatalia kwa sababu ya umri. Mzee hakukata tamaa. Mapema 1915 alipewa cheo cha luteni katika Batalioni ya 25 ya Royal Fusiliers, na mwezi Mei mwaka huo akateremka Mombasa pamoja na wanaume zaidi ya 1,000, tayari kupigana na Wajerumani waliokuwa wakiitawala nchi ambayo leo ni Tanzania Bara.

Kikosi hicho kilikuwa cha aina yake. Kamanda wake, Kanali Daniel Patrick Driscoll, alikuwa amewakusanya wawindaji, wachimba dhahabu, wanajeshi waliokwisha kustaafu, watu wa sarakasi, hata Cherry Kearton, mpiga picha maarufu wa wanyama wa porini. Juni 1915 walivuka Ziwa Victoria kutoka Kisumu wakaishambulia Bukoba, wakaubomoa mtambo wa simu ya upepo wa Wajerumani, kisha baadhi ya askari wakauparamia mji na kupora majumbani na madukani. Watu wa Bukoba walishuhudia ustaarabu wa Ulaya ukipigana wenyewe kwa wenyewe juu ya ardhi isiyo yake.

Baada ya hapo malaria na kuhara damu vikawamaliza Fusiliers kuliko risasi. Vijana wa miaka ishirini na kitu walikuwa wakibebwa kwa machela huku Selous, mvi kichwani na kofia pana usoni, akitembea kwa miguu yake. Mwaka 1916 naye aliugua, akarudishwa Uingereza kufanyiwa upasuaji. Angeweza kubaki huko na mkewe Gladys nyumbani kwao Worplesdon, na hakuna ambaye angemlaumu. Septemba 1916 akatunukiwa nishani ya DSO, ambayo Waingereza walikuwa wakiwapa maofisa kwa utumishi uliotukuka vitani. Desemba alikuwa amekwisharudi Afrika Mashariki, akiwa na cheo cha kapteni na askari wapya aliokuja nao.

Siku ya Mwaka Mpya 1917, Jenerali Jan Smuts, kamanda wa upande wa Waingereza, aliamuru majeshi yake yavuke Mto Mgeta na kuwasukuma Wajerumani kuelekea Rufiji. Mbele yao kulikuwa na kikosi cha Kapteni Ernst Otto, Wajerumani wachache na askari Waafrika wengi wanaoijua nchi. Asubuhi ya Januari 4, karibu na mahali paitwapo Beho Beho, kusini mwa Kisaki, Fusiliers walikutana na adui aliyekuwa akirudi nyuma. Milio ya bunduki ilikuwa ikitoka vichakani na wapigaji hawaonekani. Selous alisogea mbele akainua darubini amtafute mdunguzi aliyekuwa akiwaangusha watu wake. Risasi ikampata kichwani, akafa papo hapo. Alikuwa ametimiza miaka 65 siku nne kabla.

Walimzika hapohapo, chini ya mkwaju. Inasimuliwa kuwa Paul von Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani, alipeleka salamu za rambirambi kwa adui zake. Mwaka mmoja baadaye, Januari 4, 1918, mwana wa Selous, Freddie, rubani wa ndege za kivita ambaye naye alikuwa na nishani, aliuawa angani huko Ubelgiji. Gladys alipoteza mume na mtoto katika tarehe ileile.

Ushujaa wa Selous sina shaka nao. Mtu aliyekuwa na kila sababu ya kukaa nyumbani, akaja kulala chini na kula biskuti kavu pamoja na vijana walio sawa na wajukuu zake, huyo ni askari kwelikweli. Lakini maisha ya mtu hayaanzi siku anayopewa nishani. Tukitaka kujua ni nani tuliyemwachia pori kubwa kuliko yote nchini libebe jina lake kwa karibu miaka mia moja, inabidi turudi nyuma, twende kusini.

Selous alifika Afrika Kusini mwaka 1871, kijana wa miaka 19, akitaka kuwinda tembo. Alikwenda Bulawayo kwa Lobengula, mfalme wa Wandebele, kuomba ruhusa. Lobengula alimwona mtoto, akamdhihaki kwamba huenda amekuja kuwinda vijiswala, kisha akamruhusu. Kwa miaka mingi iliyofuata Selous aliishi kwa bunduki katika nchi ambayo leo ni Zimbabwe, akiua tembo kwa makumi na kuuza meno yao. Alijifunza mito, njia na vijiji vyote vya nchi ya Washona. Alichokiona alikiandika, na kitabu chake cha mwaka 1881 kilimpa jina kubwa Ulaya. Wanyama aliowakusanya wamejaa katika Makumbusho ya Historia ya Viumbe jijini London, na sanamu yake ya shaba imo humo tangu 1920. Theodore Roosevelt, Rais wa Marekani, alikuwa rafiki yake, na Selous ndiye aliyemsaidia kupanga safari yake ya uwindaji Afrika Mashariki mwaka 1909.

Ujuzi huo wa njia ndio Cecil Rhodes, tajiri na mkoloni wa Kiingereza, alioutaka. Mwaka 1890 kampuni ya Rhodes ilituma msafara wa walowezi wenye silaha kwenda kuikalia nchi ya Washona, na kiongozi wa njia alikuwa Selous. Aliipitisha barabara mashariki ya nchi ya Wandebele, ikakata misitu na nyanda hadi walowezi walipopandisha bendera mahali ambapo leo ni Harare. Miaka mitatu baadaye ufalme wa Lobengula ukavunjwa kwa bunduki za rashasha, na Selous alikuwa upande wa wavunjaji. Wandebele walipoinuka tena mwaka 1896 alipigana nao kwa mara ya pili. Kijana aliyepewa ruhusa na mfalme alirudi na jeshi kumwondoa mfalme. Haki impe pia anachostahili: vita ya Waingereza dhidi ya Makaburu aliipinga hadharani, jambo lililomletea lawama kwao. Kwa Wandebele hakuwa na moyo huo.

Huyo ndiye mtu ambaye Waingereza, walipoichukua Tanganyika, waliamua kumkumbuka. Tangu 1896 Wajerumani walikuwa wametenga maeneo ya wanyama huko Rufiji. Watu wa huko waliliita pori hilo Shamba la Bibi, kwa hadithi kwamba mfalme wa Ujerumani alimzawadia mkewe. Mwaka 1922 likaitwa Selous. Miaka ya 1940 serikali iliwahamisha watu wengi upande wa Liwale kwa sababu ya ugonjwa wa malale, na mashamba yao na makaburi ya wazee wao yakamezwa na hifadhi. Ni nchi hiyohiyo iliyowaka moto wa vita ya Majimaji dhidi ya Wajerumani mwaka 1905. Hakuna kipande cha pori hilo kilichopewa jina la Kinjikitile Ngwale, kiongozi wa vita hiyo.

Uhuru ulikuja, jina likabaki. Mwaka 1965 walowezi wa Rhodesia, wajukuu wa msafara ule wa 1890, walijitangazia uhuru wao ili Waafrika wasitawale. Zambia ikabanwa, njia yake ya kwenda baharini ikapita mikononi mwa adui. Tanzania na Zambia, kwa msaada wa China, zikajenga reli ya TAZARA. Reli hiyo inapita Kisaki na kukatisha ndani ya pori lililokuwa likibeba jina la Selous, si mbali na kaburi lake. Mwaka 1973 Rhodesia ikaunda kikosi maalumu cha kuwasaka wapigania uhuru, ikakiita Selous Scouts. Agosti 1976 kikosi hicho kiliingia Msumbiji kwa hila, kikavamia kambi ya Nyadzonya na kuua mamia ya watu, wakiwamo wakimbizi. Wakati huo Tanzania ilikuwa ikiwalisha na kuwafundisha vijana wa Zimbabwe katika kambi zake, na ramani zetu zikibeba jina lilelile.

Selous hakuwaunda Scouts, alikuwa amekufa zaidi ya nusu karne kabla. Lakini waliochagua jina hilo walijua wanachokifanya.

Pori lenyewe limepata mateso yake. Mwaka 1982 UNESCO iliiingiza Selous katika orodha ya urithi wa dunia. Katikati ya miaka ya 1970 tembo walikadiriwa kuwa zaidi ya 100,000, lakini kufikia 2014 majangili walikuwa wamewaacha takriban 15,000, na hifadhi ikawekwa kwenye orodha ya urithi ulio hatarini. Mwaka 2019 sehemu kubwa ya kaskazini, karibu kilomita za mraba 31,000, ikatengwa kuwa Hifadhi ya Taifa ya Nyerere. Kwa hiyo kaburi la kiongozi wa njia wa Rhodes sasa limo ndani ya hifadhi yenye jina la mtu aliyewapa wapigania uhuru wa kusini mwa Afrika mahali pa kulala na kujifunza. Uamuzi huo ulikuwa sahihi, na ulichelewa.

Sisemi kaburi livunjwe. Bamba lake la shaba linaeleza cheo, nishani na tarehe, na watalii hupelekwa hapo wasimame kidogo. Ninachodai ni kwamba hadithi isiishie kwenye bamba. Siku alipouawa Selous alikuwapo Ramadhani, mbeba bunduki wake, ambaye vitabu vya Kiingereza vinamwandika Ramazani. Masimulizi ya wenzake Selous yanasema alipomwona kapteni ameanguka alikwenda mbele kupigana, naye akauawa. Hakupewa nishani. Nyuma yao walikuwapo wapagazi waliobeba risasi, unga na majeruhi. Waliokufa upande wa Waingereza pekee katika vita ile wanakadiriwa kukaribia 100,000, na wengi walizikwa kando ya njia bila alama yoyote.

Shirika la Hifadhi za Taifa (TANAPA) na Wizara ya Maliasili na Utalii hazihitaji fedha nyingi kusimamisha kibao pale Beho Beho, kwa Kiswahili, kinachotaja jina la Ramadhani na kuwataja wapagazi. Waongoza watalii wafundishwe kuieleza habari hiyo pamoja na ya kapteni. Na kama nyumbani kwenu Kisaki, Rufiji, Liwale au Kilwa yuko mzee anayekumbuka babu yake aliyechukuliwa kubeba mizigo ya vita hiyo, kaa naye uandike jina hilo.