Vifungo vya Bati na Baridi ya Urusi: Uchunguzi wa Hadithi Moja ya Mwaka 1812

Wanafunzi wetu wa historia hufundishwa mapema kwamba masimulizi ya mdomo hayana budi kupimwa kabla ya kukubaliwa: ni nani aliyesimulia, aliyapata kwa nani, naye alikuwa na faida gani katika kuyasimulia. Mafundisho hayo ni mema. Lakini ni mara chache tunapofundishwa kuyapima vivyo hivyo masimulizi yanayotujia yakiwa yamekwisha kuchapwa katika vitabu vya sayansi. Makala haya yanachukua mfano mmoja wa namna hiyo, nao unahusu madini tunayoyajua vizuri huku kwetu, yaani bati, lile lililochimbwa Manono tangu enzi za ukoloni na linalochimbwa hata leo katika Kivu.

Mtunzi wa ngano anaweza kubuni madini ya ajabu yasiyosikia baridi. Hadithi yetu inageuza jambo hilo: madini yake yanauawa na baridi. Inasimuliwa kwamba vifungo vya makoti ya askari wa Napoleon vilikuwa vya bati, na kwamba wakati wa kurudi kutoka Moscow, mwaka 1812, vilisagika vikawa vumbi. Basi askari wakashika makoti kwa mikono badala ya kushika bunduki, na jeshi kubwa kuliko yote ya Ulaya likaangamia kwa ajili ya vifungo. Vizazi vya wanafunzi wa kemia vimeisikia, na mwaka 2003 kilitoka kitabu kilichopewa jina kutokana nayo, ingawa waandishi wake wenyewe hawakuficha mashaka yao.

Hadithi hii haikuzuka patupu. Bati safi lina maumbile mawili. Lile jeupe, lenye kung'aa na kukunjika, ni imara katika joto la kawaida. Chini ya nyuzi 13 za Selsiasi hivi, umbile lililo imara ni la pili, la kijivu, jepesi na lenye kuvunjikavunjika. Bati jeupe linapogeuka kuwa la kijivu ujazo wake huongezeka kwa zaidi ya robo, kwa hiyo linavimba, linapasuka, na mwisho ni unga. Tena chembe za kijivu zikigusa bati jeupe huharakisha mageuzi, mithili ya ambukizo. (Msomaji asichanganye bati hili na mabati ya kuezekea nyumba, ambayo ni chuma kilichopakwa zinki.)

Wazungu walilijua jambo hili kwa vipande. Mwaka 1851 mkemia Otto Erdmann alieleza uharibifu wa filimbi za kinanda cha kanisa huko Zeitz, Ujerumani. Baada ya majira makali ya baridi ya 1867-1868, Carl Julius Fritzsche wa St. Petersburg akaeleza jinsi vipande vikubwa vya bati vilivyokuwa ghalani katika mji huo vilivyosagika. Aliyefumbua fumbo lenyewe ni Mholanzi Ernst Cohen, kuanzia mwaka 1899. Ndiye aliyeonyesha kwamba hayo ni mageuzi ya umbile moja kwenda jingine, na kwamba kuna kiwango cha joto kinachoyatenga. Cohen alikuwa Myahudi, naye aliuawa na Wanazi huko Auschwitz mwaka 1944.

Sasa tuipime hadithi. Kwanza, mageuzi hayo huenda polepole mno. Hapa Lubumbashi, usiku wa Juni na Julai joto hushuka chini ya nyuzi 13 mara kwa mara, wala hakuna aliyeona kitu chake cha bati kikigeuka unga asubuhi. Hata katika baridi ya nyuzi 30 chini ya sifuri, bati huhitaji muda mrefu, na kifungo kilichoshonwa juu ya koti lenye mtu ndani hakipoi kama kipande kilichoachwa ghalani. Pili, askari wa miguu wa kawaida katika jeshi la Ufaransa walivaa vifungo vya shaba nyeupe-manjano, ile inayochanganywa na zinki. Vile vyeupe vya mchanganyiko wa bati vilikuwa vya vikosi vingine, kama askari wepesi wa miguu. Tatu, bati la vifungo halikuwa safi. Antimoni au bismuti kidogo tu, hata chini ya sehemu moja kwa mia, inatosha kulizuia lisigeuke. Kama tunatafuta uganga dhidi ya baridi, ndio huo, nao hauna muujiza wowote.

Lakini hoja iliyo nzito zaidi ni ya hesabu ya watu. Zaidi ya askari 400,000 walivuka mto Niemen kuanzia Juni 1812. Walioingia Moscow tarehe 14 Septemba walikuwa wapatao 100,000. Ni kweli kwamba wengi waliachwa nyuma kulinda njia na pande za jeshi. Hata hivyo makumi ya maelfu walikuwa wamekwisha kufa au kutoroka, na wakati huo ulikuwa wa kiangazi. Waliuawa na jua, njaa, kuhara na homa. Theluji ilikuta jeshi lililokwisha kuvunjika.

Nani basi alifaidika kwa kuisingizia baridi? Wa kwanza ni Napoleon mwenyewe. Katika taarifa yake ya 29, ya tarehe 3 Desemba 1812, alieleza maangamizi hayo kama kazi ya baridi iliyoua farasi wake, kisha akamaliza kwa kuwaarifu Wafaransa kwamba afya yake haijapata kuwa njema kuliko hapo. Hadithi ya vifungo ni mtoto wa taarifa hiyo: inamwondolea jemadari lawama na kumtwika bati. Hali kadhalika kwa Robert Scott, Mwingereza aliyekufa mwaka 1912 akirudi kutoka Ncha ya Kusini. Mafuta ya taa yalikutwa yamepungua katika maghala yake ya njiani, na baadaye watu wakasema lehemu ya bati ilioza kwa baridi. Walakini maelezo ya wakati ule yalitaja pete za ngozi za vifuniko, zilizokauka na kupitisha mvuke.

Mwaka 2001, wafanyakazi wa ujenzi huko Vilnius, Lithuania, walifukua kaburi la pamoja la maelfu ya askari wa jeshi lile. Uchunguzi wa meno uliotangazwa mwaka 2006 ulionyesha alama za homa zinazoenezwa na chawa. Ule wa 2025 ukaonyesha homa ya paratifodi na homa ya kujirudia, nayo huletwa na chawa. Na wachunguzi walipotaka kujua maiti hao ni wa vikosi gani, walisaidiwa na vifungo, ambavyo bado vilikuwa na namba zake zikisomeka, baada ya miaka karibu 190 ardhini.