Mito Mitatu na Jiwe la Kijani: Rangi kama Dira katika Katanga ya Kale

Kiswahili kina vivumishi vitatu tu vya asili vya rangi: -eupe, -eusi na -ekundu. Majina mengine yameazimwa kwa vitu: kijani kwa jani, kahawia kwa kahawa, zambarau kwa tunda lake, na neno rangi lenyewe lina asili ya Kiajemi. Jambo hili hutajwa darasani kama nukta ya sarufi, kisha huachwa. Lakini katika nchi za ukanda wa shaba, tangu Mwinilunga nchini Zambia hadi kwa Waluba wa kaskazini mwa Katanga, utatu huohuo ulikuwa njia ya kuisoma dunia na kujua pa kukanyaga.

Maelezo yaliyo wazi zaidi ni yale ya Victor Turner, aliyeishi miongoni mwa Wandembu, jamaa wa Walunda, mwanzoni mwa miaka ya 1950. Wanagenzi wa chama cha mazishi cha Mung'ong'i walifundishwa fumbo la mito mitatu itokayo kwa Nzambi: mto wa weupe, ulio mkubwa wao, mto wa wekundu, wa kati, na mto wa weusi, kitinda mimba. Weupe ni maziwa, mbegu na afya. Weusi ni mkaa, uchawi na mauti. Wekundu ndio mgumu, kwa kuwa damu ya mzazi na damu ya muuaji ni rangi moja. Mwanagenzi hakupewa orodha ya mema na mabaya. Alifunzwa kuuliza, mbele ya kila tukio, ni mto upi unaotiririka hapo.

Kwa Waluba rangi imo ndani ya historia yenyewe. Nkongolo Mwamba, mtawala katili wa masimulizi ya asili ya dola, ni mwekundu, na jina lake ni la upinde wa mvua, nyoka azuiaye mvua. Mbidi Kiluwe, mwindaji mgeni aliyeleta adabu za kifalme, ni mweusi. Luc de Heusch alijenga juu ya tofauti hiyo kitabu kizima mwaka 1972. Ikumbukwe kwamba hapa weusi ni uzuri, wala si mauti kama katika mto wa tatu wa Wandembu; anayetafuta kamusi moja ya rangi kwa watu wote wa eneo hili atakwama mapema. Watunza kumbukumbu wa chama cha Mbudye walipitisha kidole juu ya lukasa, ubao wenye shanga na kombe, na ukubwa, mpangilio na rangi za shanga hizo ziliwaongoza katika kusimulia wafalme, safari na mahali patakatifu. Ubao ni mmoja, lakini masimulizi hubadilika kwa msomaji na kwa hadhira yake.

Tahadhari hiyo si ndogo katika nchi hii. Ni Élisabethville, Lubumbashi ya leo, ambako Placide Tempels alichapisha mwaka 1945 kitabu chake juu ya falsafa ya Kibantu, akiwatwisha watu wote mfumo mmoja wa fikra. Paulin Hountondji alimjibu kwamba falsafa isiyo na mwanafalsafa anayeweza kuulizwa na kubishiwa si falsafa. Pingamizi hilo lina nguvu, ila linawasahau mafundi.

Kambove, kaskazini-magharibi mwa Likasi, inawarudisha. Hapo rangi iliyoongoza watu haimo katika utatu kabisa: ni kijani. Vilima vyenye shaba nyingi huwa havina miti, maana udongo wake ni sumu kwa mimea mingi. Basi penye upungufu wa majani ndipo jiwe lilipokuwa la kijani. Wayeyushaji, walioitwa walaji wa shaba, walifuata malakiti hiyo kwa mashimo na mahandaki. Msafara wa George Grey, uliotumwa na Tanganyika Concessions mwaka 1899, ulitambua utajiri wa Katanga kwa kiasi kikubwa kwa kufuata machimbo hayo ya kale. Kampuni ya Union Minière iliundwa mwaka 1906, na vitabu vingi vikawaita wazungu hao wavumbuzi.

Kiangazi, baada ya mavuno, tanuri zilijengwa kwa udongo wa kichuguu. Katika moto wa makaa malakiti huacha kijani, huwa nyeusi, kisha hutoka shaba nyekundu. Mtu hushawishika kuona humo mito ya Mung'ong'i. Ushawishi huo ni wa msomaji, si wa fundi. Kwake weusi ulikuwa habari kwamba kazi bado. Askofu de Hemptinne, aliyeandika juu ya mafundi hao mwaka 1926, aliwakuta wakiwa wazee.

Mahali pa tanuri hizo mara nyingi huota mmea wenye maua ya buluu ya zambarau, Haumaniastrum katangense, uvumiliao shaba iliyomwagika udongoni. Mwaka 1982 De Plaen, Malaisse na Brooks walionyesha kwamba maua hayo humwongoza mwanaakiolojia hadi kwenye karakana zilizofukiwa. Tangu mwanzo wa karne ya 21 wachimbaji wadogo wamemiminika katika vilima vya Katanga wakitafuta heterojeniti, jiwe jeusi lenye kobalti, na machepe yao hupita katika ardhi ileile.