PSYCHO: Mwandishi aliyeuza hadithi yake bila kujua mnunuzi ni nani

Wadau wa muvi, ile sheria yetu mnaijua: steringi hafi. Atapigwa, atafungwa kamba, atatupwa mtoni, lakini mwisho wa siku utamuona anatoka na shati limechanika. Sasa mwaka 1960 mwongozaji mmoja Mwingereza aliyekuwa akifanya kazi Hollywood, Alfred Hitchcock, alimchukua Janet Leigh, staa mkubwa kabisa wakati huo, akamfanya steringi wa muvi yake, halafu akamuua bafuni akiwa anaoga. Na hapo muvi haijafika hata nusu!

Muvi yenyewe ni Psycho. Kama hujaiona tulia, mwisho wake sikwambii. Kisa cha bafuni kila mtu anacho. Mimi leo nataka tuongelee kitu kingine: siri. Hii muvi imejengwa kwa siri kuanzia siku kitabu kiliponunuliwa mpaka siku watu walipopanga foleni mlangoni. Siri hiyo ilimtajirisha mtu mmoja, na mwenye hadithi akabaki na chenji.

Mwenye hadithi anaitwa Robert Bloch. Miaka ya 50 alikuwa anaishi Weyauwega, mji mdogo kwenye jimbo la Wisconsin, Marekani, anaandika hadithi za kutisha ili mkono uende kinywani. Mwaka 1957, kwenye mji mwingine mdogo wa Plainfield, sio mbali na kwake, polisi walimkamata mwanaume aliyeua watu na kufukua makaburi. Kilichomshtua Bloch sio damu. Ni kwamba majirani walikuwa wanamsalimia yule jamaa kila siku na hakuna aliyemshuku. Akakaa chini akatunga mtu wake mwenyewe, Norman Bates, mwenye moteli pembeni ya barabara, anayeishi chini ya himaya ya mama yake. Riwaya ikatoka mwaka 1959.

Kisha ikaja ofa ya kununua haki za kutengeneza filamu. Mnunuzi hakutajwa jina. Bloch akauza kwa dola kama 9,000. Mkataba wake na wachapishaji haukuwa na kipengele cha nyongeza kitabu kikigeuzwa muvi. Mchapishaji akakata chake, wakala akakata chake, Bloch akabaki na chini ya dola 7,000, na kodi bado. Baadaye ndiyo akajua kwamba aliyenunua ni Hitchcock, mmoja wa waongozaji maarufu kuliko wote duniani.

Hebu jiweke kwenye viatu vyake. Ungejua anayegonga mlango ni mtu mwenye hela na jina kiasi kile, ungetaja bei ileile?

Tumpe na Hitchcock haki yake, maana naye alijilipua. Kampuni ya Paramount iliona hadithi ni chafu, haikutaka kuweka mzigo. Jamaa akaamua kugharamia mwenyewe, kama dola 800,000 hivi, hela ndogo kwa mtu aliyekuwa ametoka kufanya muvi kubwa za rangi. Akarudi kwenye picha nyeusi na nyeupe, akatumia wapiga picha na mafundi wa kipindi chake cha televisheni waliozoea kufanya kazi chapchap. Mshahara wake wa kuongoza akauweka pembeni, akasema badala yake nipeni asilimia 60 ya umiliki wa filamu. Ingebuma, angeumia yeye.

Haikubuma. Pale kwenye sini ya bafuni kazi ilichukua wiki nzima mwezi Desemba 1959, kwa kitu ambacho kwenye kioo hakimalizi hata dakika moja. Damu unayoiona ni chokoleti ya maji, kwa kuwa kwenye picha isiyo na rangi ilionekana vizuri kuliko damu ya kuigiza. Sauti ya kisu kikiingia mwilini ni kisu kikichoma tikiti. Hitchcock alitaka sini ipite bila muziki kabisa. Mtunzi wa muziki, Bernard Herrmann, akaandika wake hivyo hivyo, kwa ala za nyuzi peke yake, zile vayolini zinazolia kama ndege aliyekabwa. Mzee aliposikia, akabadili mawazo.

Na humo ndani kuna watu ambao hukuwahi kuona majina yao. Sehemu za mwili kwenye ile sini sio zote za Janet Leigh, kuna binti mwanamitindo aliyeigiza badala yake, na jina lake halimo kwenye orodha ya mwisho. Sauti ya mama unayoisikia kutoka kwenye ile nyumba ya juu kilimani ni ya watu watatu tofauti, nao hawamo. Hata mke wa Hitchcock, Alma Reville, inasimuliwa kwamba ndiye aliyegundua muvi ikiwa karibu kutoka kwamba "maiti" ya Leigh bado inaonekana kuwa hai, wakarudi kukata kipande hicho. Bila jicho la Alma, watu wangecheka pale walipotakiwa kutetemeka.

Halafu ikaja siri ya mlangoni. Zamani zile Marekani mtu alikuwa anaingia sinema saa yoyote, anakuta muvi katikati, anaiangalia mpaka mwisho, kisha anasubiri ianze tena aone sehemu aliyokosa. Hitchcock akapiga marufuku: muvi ikishaanza, hakuna kuingia. Waandishi wa magazeti nao hawakuonyeshwa mapema, wakanunue tiketi kama raia wengine. Wenye majumba ya sinema waliogopa watakosa wateja. Ilipoanza New York tarehe 16 Juni 1960, foleni zikawa ndefu. Ukimuona mtu leo anaweka "tahadhari, kuna spoila" kabla ya kusimulia, ujue tabia hiyo ilipata nguvu sana kwenye zile foleni.

Muvi ikaingiza zaidi ya dola milioni 30. Hitchcock akavuna mamilioni kwa lile fungu lake, na baadaye akabadilishana haki za Psycho kwa hisa za kampuni ya MCA, akawa mmoja wa wanahisa wakubwa pale. Bloch? Hakuongezewa hata senti kutoka kwenye mapato hayo.

Wapo watakaosema Bloch naye alifaidika. Ni kweli. Jina lake lipo kwenye muvi, Hollywood ilimpa kazi nyingine, na mpaka anafariki mwaka 1994 alikuwa anatambulishwa kama mtu wa Psycho. Pia muvi ilibadilisha vitu: Norman wa kitabuni ni mtu mzima, mnene, mwenye miwani, wakati yule wa Anthony Perkins ni kijana mwembamba mwenye aibu ambaye unaweza kumpenda kabisa. Hiyo ni kazi ya wengine. Lakini moteli, mama, mauaji ya bafuni na ule mtego wa kukuonyesha steringi kisha kumuondoa, vyote vilikuwa kwenye kurasa za Bloch kwanza.

Kwa mtazamo wangu, kosa halikuwa zile dola 9,000. Mwandishi wa mji mdogo akiletewa hela hiyo anaichukua. Kilichomuumiza ni kusaini mkataba na mchapishaji bila kuuliza: je, hiki kitu kikikua? Hitchcock aliuliza swali hilohilo upande wake, akachukua asilimia badala ya mshahara. Hadithi ni ileile, mmoja aliuza na mwingine akamiliki.

Wewe unayeandika skripti, unayepiga biti, unayetengeneza vichekesho vya mtandaoni na kuletewa ofa na mtu asiyetaja anamwakilisha nani, soma tena hapo juu. Kwenye muvi, kutojua kinachokuja ndiyo raha yenyewe. Kwenye mkataba ni hasara yako.

Haya, wangapi wameiona Psycho? Na ungekuwa Bloch, ungesaini? Dondosha maoni yako hapo chini, ila mwisho wa muvi usiutaje, kuna watu bado hawajaiona.