Mti ulibadilika, ufundi ukabaki

Ndugu msikilizaji, ukisikia zumari ya Waskoti, ile yenye mfuko wa hewa unaobanwa kwapani, ujue kuwa sauti ile inapita ndani ya mti. Siku hizi mti huo kwa kawaida ni mpingo, unaotoka Tanzania na Msumbiji. Zamani haikuwa hivyo. Juma hili tuuzungumzie mti mmojawapo uliotangulia, labunamu, kwa kuwa historia yake inatuhusu.

Labunamu ni mti mdogo wa jamii ya kunde, ndugu wa mbali wa mpingo wenyewe. Asili yake ni milima ya kusini mwa Ulaya. Ulifika Uingereza katika karne ya 16, ukapandwa bustanini kwa ajili ya maua yake ya manjano yanayoning'inia kama mikufu ya dhahabu. Lakini kizuri hakikosi ila: mti huo ni sumu, na mbegu zake ndizo hatari zaidi. Wazazi huwaonya watoto wasizitie mdomoni.

Mafundi hawakujali maua, walitazama ndani. Kiini cha labunamu ni cha kahawia iliyokolea, na pembeni yake ni manjano hafifu. Mbao yake ni ngumu na nzito, hukerezeka vizuri, na ikisuguliwa hung'aa. Kasoro yake ni kwamba shina halinenepi, hivyo hupati ubao mpana. Penye nia pana njia. Mwishoni mwa karne ya 17, mafundi wa Uingereza walikata matawi yake vipande vyembamba, kama mtu akatavyo muhogo wa kukaanga, kila kipande na duara zake, wakavibandika bega kwa bega juu ya makabati ya matajiri. Huko Uskoti, ambako mti huu ulistawi, walitengeneza viti na vyombo vya kukereza, na zumari zao pia.

Kisha zikaja meli. Biashara ya makoloni ilileta mbao ngumu za nchi za joto: abunusi, miti ya visiwa vya Karibiani, na hatimaye mpingo wetu, ambao katika karne ya 20 ulishika nafasi ya kwanza. Haukupendelewa. Mpingo ni mzito hata huzama majini, una mafuta yake ya asili, huvumilia unyevu wa pumzi ya mpigaji, na tundu likishatobolewa hubaki lilivyo. Labunamu ukarudi bustanini.

Hapa ndipo naomba tutulie kidogo. Je, mafundi wa Uskoti walikosa kazi mti wao ulipoachwa? Hata kidogo. Mti ulibadilika, ufundi ukabaki kule kule, na fedha zikabaki na ufundi.

Sasa tujitazame. Mpingo huchukua miaka 70 hadi 100 kukomaa. Hukatwa, hupasuliwa vipande vidogo, husafirishwa, na huko ng'ambo ndiko vipande hivyo vinakokerezwa na kutobolewa kuwa zumari na klarineti. Sehemu kubwa ya gogo huishia kuwa taka. Aliyekata mti hulipwa bei ya mti. Aliyeupa sauti hulipwa bei ya sauti.

Sisemi hatuna mafundi. Wachongaji wa Kimakonde wanajulikana duniani kote. Wala sisemi hakuna hatua iliyopigwa: mwaka 2009 baadhi ya vijiji vya Kilwa vilipata cheti cha kimataifa cha kutunza misitu vizuri, na vikaweza kuuza mpingo wao vyenyewe. Hilo ni la kupongezwa. Lakini kuuza gogo kwa bei nzuri bado ni kuuza gogo.

Waskoti waliuacha mti wao wakabaki na kazi. Sisi tuangalie tusije tukaupoteza mti kabla hatujaipata kazi.