Meko ya Peary Land

Katika ncha ya kaskazini ya Greenland, kwenye nyuzi 82 za latitudo na zaidi, iko nchi iitwayo Peary Land. Barafu kuu inayofunika sehemu kubwa ya kisiwa hicho haikuieneza mikono yake huko, kwani theluji inayoanguka ni haba mno, na nchi imebaki jangwa la mawe na changarawe. Jua huaga mwezi wa Oktoba, wala halionekani tena hata mwisho wa Februari. Wasafiri wa kwanza kutoka Marekani na Ulaya walipoifikia hawakukuta mwenyeji hata mmoja. Hata hivyo, juu ya matuta ya changarawe kando ya ghuba zake yamo mawe yaliyopangwa kwa mkono wa binadamu, na katikati ya mawe hayo yamo makaa.

Aliyeyapa mawe hayo historia yake ni Eigil Knuth, Mdenmark aliyezaliwa mwaka 1903, ambaye alikuwa mchonga sanamu kabla ya kuwa mtaalamu wa mambo ya kale. Huenda jicho la mchongaji ndilo lililomsaidia kutambua palipopangwa na mtu na palipotawanywa na maji. Katika msafara wa Wadenmark wa miaka 1947 hadi 1950 alikuta, kandokando ya Jørgen Brønlund Fjord, alama za mahema: duara la mawe yaliyoshikilia ngozi chini, na ndani yake safu mbili za mawe bapa yaliyosimamishwa, zikikata hema kati kama ujia. Katikati ya ujia huo ndimo yalimo meko. Hayakuwa mafiga matatu. Yalikuwa kisanduku cha mawe bapa manne, chenye nafasi ya moto mdogo tu. Kandokando zilipatikana patasi ndogo za jiwe za kuchongea mifupa, na vijembe vyembamba kama ukucha. Knuth aliwaita watu hao Independence wa Kwanza, kwa jina la ghuba kubwa ya huko, na wale waliofuata baada ya karne nyingi, wenye mahema kwenye matuta ya chini zaidi, akawaita Independence wa Pili.

Waliishi hasa kwa kuwinda ovibosi, mnyama mwenye umbo la ng'ombe na manyoya marefu yanayokaribia kugusa ardhi. Walikula nyama yake na mafuta ya ndani ya mifupa, kisha mifupa yenyewe wakaitia motoni. Walichoma pia mierebi ya huko, mti utambaao ardhini usiofika hata goti la mtu, na magogo yaliyoletwa na bahari. Magogo hayo yana safari ya ajabu. Misonobari na jamii zake huanguka katika mito ya Siberia, hubebwa hadi baharini, hunaswa na barafu, na barafu huelea nayo miaka kadhaa kupita karibu na ncha ya dunia mpaka pwani ya Greenland. Hivyo watu wa nchi isiyo na mti walipika kwa kuni za msitu wasioujua.

Hapo ndipo fumbo lilipoanza. Mwaka 1949 Willard Libby na wenzake wa Chicago walitangaza njia ya kupima umri wa kitu kilichopata kuwa hai kwa kaboni iliyosalia ndani yake, na makaa ya Peary Land yalikuwa miongoni mwa yaliyopimwa baadaye. Lakini kaboni hueleza siku mti ulipokua. Haielezi siku ulipochomwa. Kiini cha mti mkubwa huwa kimekufa karne nyingi kabla ya gome lake, na katika baridi kavu gogo laweza kulala pwani muda mrefu lisioze. Mafuta ya sili nayo hupotosha hesabu, kwa kuwa kaboni ya bahari ni kuukuu. Basi meko yale yale yaweza kutoa tarehe mbili zilizoachana kwa mamia ya miaka, kwa kutegemea ni kipande kipi kilichookotwa. Ndiyo sababu wachunguzi wakajifunza kuuamini mwerebi, ambao maisha yake ni mafupi, na mfupa wa mnyama wa nchi kavu.

Msomaji asidhani kuwa huo ni ugomvi wa tarakimu tu. Huko magharibi mwa Greenland waliishi watu wa Saqqaq, waliowinda sili na kuwasha taa za jiwe kwa mafuta yake. Katika meko ya Independence wa Kwanza taa haikuonekana. Ikiwa hawa wasio na taa ndio waliotangulia kwa muda mrefu, ni rahisi kupanga ngazi: kwanza wajinga, kisha wajuzi. Lakini tarehe zilipochujwa ilionekana kuwa makundi yote mawili yaliingia Greenland karibu wakati mmoja, kiasi cha mwaka 2500 K.K. Ngazi ikaanguka. Ukosefu wa taa wataka kuelezwa kwa hali ya nchi: bahari ya Peary Land hufungwa na barafu karibu mwaka mzima, na aliyemfuata ovibosi hakuwa na akiba ya mafuta ya sili ya kuiteketeza usiku kucha.

Kwamba walikuwa wa asili moja kumeonekana kwa njia nyingine. Kishungi cha nywele kilichofukuliwa Qeqertasussuk katika miaka ya 1980 kilisomwa urithi wake mwaka 2010. Kilikuwa cha mwanamume wa Saqqaq aliyeishi miaka 4000 hivi iliyopita, na jamaa zake wa karibu walikuwa watu wa kaskazini-mashariki mwa Siberia. Utafiti wa mwaka 2014 ukaonyesha kuwa watu hao wa kale wa kaskazini walikuwa taifa moja, mbali na wazee wa Wainuit wa leo, walioingia Greenland yapata karne ya 13.

Lililosalia ni usiku. Knuth alidhani kwamba katika miezi ya giza walilala chini ya ngozi za ovibosi, nusu macho nusu usingizi, wakingoja jua, na moto ukiwashwa kwa nadra. Dhana hiyo inavutia, nayo imerudiwa mno kuliko ushahidi wake unavyoruhusu. Kisanduku cha mawe bapa manne hakisemi kama waliokizunguka walinyamaza au walisimuliana hadithi. Chasema tu kwamba kuni zilipimwa: vijiti vya mwerebi ni vyembamba kama kidole, na mifupa iliyoungua imevunjwa vipande vidogo vidogo. Knuth mwenyewe aliendelea kurudi huko hata uzeeni, akahesabu mahema, akafariki mwaka 1996. Mawe mengi aliyoyachora yangali yamesimama wima katika changarawe.