Ridhaa na Ujira: Wanawake Walioasisi Gofu ya Kulipwa Nchini Marekani

Lugha yetu imempa mchezaji asiyepokea malipo jina la mchezaji wa ridhaa, na yule mwenziwe ikamwita wa kulipwa basi, kana kwamba huyu wa pili alipoupokea ujira wake aliiacha ridhaa mlangoni. Neno hilo lina murua wake, walakini linaficha swali ambalo kila mwenye kuitafiti historia ya michezo hana budi kuliuliza: ni nani aliyekuwa akimlisha mwenye ridhaa hiyo? Nadai katika makala haya kwamba wanawake walioasisi gofu ya kulipwa nchini Marekani hawakulistahiki jina la waasisi kwa sababu ya urefu wa mapigo yao wala wingi wa vikombe vyao, ingawa vyote viwili walikuwa navyo, bali kwa kuwa waliuondolea aibu ujira wa mwanamke mchezaji.

Gofu ulikuwa mchezo wa klabu, na klabu ilikuwa ya wenye nafasi. Bingwa wa kike aghalabu alikuwa binti au mke wa mwanachama, na alichokipata kwa ushindi wake ni kikombe cha kupambia sebule. Helen Hicks, aliyekuwa bingwa wa ridhaa wa Marekani mwaka 1931, alipoajiriwa na kampuni ya vifaa vya michezo ya Wilson mwaka 1934, hapakuwapo mashindano ya kumlipa. Kazi yake ilikuwa kusafiri mji kwa mji akifundisha, akionyesha mapigo mbele ya watazamaji, na kwa njia hiyo akiuza fimbo. Patty Berg wa Minneapolis aliifuata njia iyo hiyo mwaka 1940. Yuko atakayesema kwamba huo ulikuwa uchuuzi, si michezo. Mimi naona kinyume chake: maadamu klabu haikuwa tayari kumlipa mwanamke, ni duka lililomlipa kwanza, na kutoka katika mshahara huo wa dukani ndipo taaluma nzima ilipochipuka.

Ushahidi mzito kuliko wote umo katika maisha ya Babe Didrikson, binti wa seremala wa melini kutoka Norway, aliyezaliwa Port Arthur, Texas, mwaka 1911. Katika Olimpiki ya Los Angeles ya mwaka 1932 alijipatia medali mbili za dhahabu, ya mkuki na ya mbio za kuruka viunzi, pamoja na ya fedha katika kuruka juu. Aligeukia gofu, na mwaka 1935, punde tu baada ya kutwaa ubingwa wa wanawake wa Texas, wakuu wa gofu wa Marekani walimvua hadhi ya ridhaa kwa hoja kwamba alikwisha kula fedha za michezo mingine. Hakuwa amepokea hata senti moja ya gofu! Iwapo sheria hiyo ililinda usafi wa mchezo au ilimlinda binti wa tajiri dhidi ya binti wa fundi, msomaji na aamue. Mimi nimekwisha amua. Lenye kufundisha zaidi ni jinsi alivyorudishiwa hadhi hiyo mwaka 1943, kwa sharti la kukaa miaka mitatu bila ya kushika malipo ya mchezo, sharti ambalo aliliweza kwa sababu alikuwa ameolewa na George Zaharias, mpiganaji mieleka mwenye mali. Ridhaa ile, basi, ilinunuliwa, na aliyeilipia ni mume. Kwa ridhaa hiyo ya kununua alishinda ubingwa wa Marekani mwaka 1946, na mwaka 1947, huko Gullane nchini Scotland, akawa Mmarekani wa kwanza kuutwaa ubingwa wa wanawake wa Uingereza, kisha akairudisha hadhi yenyewe kwa wenyewe na kwenda kutafuta riziki.

Pa kuitafutia hiyo riziki palikuwa padogo mno. Hope Seignious na wenzake wawili walikwisha kuanzisha chama cha wanawake wachezaji gofu wa kulipwa mwaka 1944, na mwaka 1946 chama hicho kikaandaa shindano la wazi la kwanza la wanawake wa Marekani, mjini Spokane, ambako jumla ya zawadi ilikuwa dola 19,700, zilizotolewa na jumuiya moja ya mji huo kutokana na mapato ya mashine zake za kamari. Berg alimshinda Betty Jameson katika fainali. Klabu tukufu hazikutoa, wacheza kamari wakatoa. Historia nayo ina mizaha yake. Chama kile kilipodhoofika na Seignious akakataa kuiachia hati yake, wanawake 13 wakaunda kingine mwaka 1950, huko Wichita, Kansas, wakakiita cha Mabibi badala ya cha Wanawake. Wengi hudhani jina hilo lilitokana na adabu, kumbe lilitokana na hati iliyozuiliwa.

Miongoni mwa hao 13 alikuwamo Marlene Bauer, msichana wa miaka 16, na Opal Hill aliyekwisha kupita 50. Wasidhaniwe kuwa waliunganishwa na mapenzi: Louise Suggs wa Georgia, aliyemwacha Babe Didrikson Zaharias nyuma kwa mapigo 14 katika shindano la wazi la mwaka 1949, hakuwa na muda naye. Waliunganishwa na kazi. Berg alikuwa rais, na wachezaji wenyewe ndio waliochagua mahali pa kutoboa mashimo, wakatoa hukumu za sheria, wakaandika hundi za zawadi kisha wakapokezana usukani hadi mji wa pili. Marilynn Smith alisimama katika viwanja vya besiboli, mbele ya umati uliokuja kwa ajili ya mchezo mwingine, akipiga mipira ya gofu kutoka kwenye kituo cha mpigaji kuelekea mbali uwanjani, na baadaye kuwaalika watazamaji waje kesho kwenye shindano. Mwaka ule wa kwanza Zaharias aliongoza kwa mapato ya dola 14,800. Na mwaka 1954, baada ya kupasuliwa kansa ya utumbo, alicheza shindano la wazi katika klabu ya Salem, Massachusetts, akiwa na mfuko wa haja uliofungwa tumboni chini ya nguo, akashinda kwa mapigo 12. Alifariki mwaka 1956, umri wake miaka 45.

Insafu yataka niseme pia walipokomea. Althea Gibson, aliyetwaa Wimbledon mwaka 1957 na 1958 katika tenisi ya ridhaa isiyomlipa kitu, alijiunga na chama mwaka 1964, akiwa mwanamke mweusi wa kwanza. Chama cha wanaume kilikuwa na kifungu cha kuwazuia wasio wazungu hadi mwaka 1961, kwa hiyo akina mama hawakuchelewa sana. Lakini chama si klabu. Zilikuwapo klabu zilizomruhusu kukanyaga majani yao na kumkataza kuingia ndani, na Gibson, malkia wa Wimbledon, akavalia viatu vyake vya mchezo ndani ya gari. Msomaji anayevikumbuka viwanja vya Nairobi vya zama za ukoloni, ambako Mwafrika aliingia akiwa amebeba mfuko wa fimbo za mwingine, hahitaji kuelezwa zaidi. Lenny Wirtz, mwendeshaji wa mashindano, aliposhika msimamo kwamba mahali asipopokewa Gibson wengine nao hawaendi, baadhi ya milango ilifunguka. Gibson hakupata ushindi. Alichokaribia zaidi ni kufungana katika nafasi ya pili mwaka 1970. Mwanamke mweusi wa pili, Renee Powell, alijiunga mwaka 1967 akitokea Ohio, ambako alianza kushika fimbo akiwa na miaka mitatu katika uwanja uitwao Clearview. Baba yake, William Powell, alirudi kutoka vitani akakuta viwanja vya wengine havimtaki, naye mwaka 1946 akaanza kuulima huo wa kwake kwa mikono.